Mali Bila Daftari: Vitabu vya Sinema ya Kijapani na Funzo Lake Kwetu

(Hotuba iliyotolewa Igalula mbele ya wanafunzi wa zamani na wanafunzi wa sasa wa shule yetu)



Katibu aliniandikia akitaka nizungumze juu ya kazi yangu ya ukutubi. Nikamjibu kwamba ukutubi ukielezwa kwa jumla huleta usingizi, hasa baada ya chakula kizuri kama hiki tulichokula. Afadhali nichague rafu moja tu nieleze kilichomo. Nilipomtajia rafu yenyewe, yaani vitabu juu ya historia na sanaa ya sinema ya Kijapani, aliniuliza: "Ndugu yangu, Igalula na Japani wapi na wapi?" Swali hilo ni la haki. Nitalijibu, na jibu lake ndiyo hotuba yenyewe.

NJIA YETU NA WALIOIANDIKA

Nianze hapa hapa tulipo. Igalula iko njiani. Kabla ya reli, misafara iliyotoka Bagamoyo ilivuka Ugogo, ikapambana na nyika kavu ya Mgunda Mkali, ikaingia Unyamwezi kwa Tura na Rubuga, hadi Unyanyembe penye Tabora ya leo. Burton na Speke walifika Kazeh tarehe 7 Novemba 1857. Reli ya Kati nayo ilifika Tabora mwaka 1912, ikitokea upande huu huu wa mashariki.

Sasa fikirini. Mizigo ya misafara ile ilibebwa na nani? Sehemu kubwa ilibebwa na babu zetu Wanyamwezi. Walikijua kila kisima na kila kambi. Lakini mwanafunzi akitaka kusoma habari za njia hii hupewa Burton, hupewa Speke, hupewa Stanley. Aliyepita aliandika, aliyebeba mzigo hakuandika, na habari zake twazipata kwa macho ya mwingine. Yupo mmoja ambaye sauti yake ilisalia, naye ni Hamed bin Muhammed, yaani Tippu Tip. Huyu alisimulia maisha yake mwenyewe kwa Kiswahili, yakachapishwa Berlin mwaka 1902 na 1903. Tippu Tip hakuwa malaika. Alifanya biashara ya pembe na ya watumwa. Hata hivyo, kwa kuwa maneno yake yapo, tena kwa lugha yake, mwanahistoria wa njia hii hawezi kuandika bila kumsikiliza.

Wahenga walisema: mali bila daftari hupotea bila habari. Kumbukumbu za watu nazo ni mali. Kwa mzani huo ndivyo nilivyovisoma vitabu vya sinema ya Kijapani, na kwa mzani huo naomba mnisikilize.

MSEMAJI KANDO YA PICHA

Sinema iliingia Japani mwishoni mwa mwaka 1896, katika mji wa Kobe, kwa mashine ya Edison ya kuchungulia mtu mmoja mmoja. Mwaka 1897 ikafika mashine ya Wafaransa, ndugu wawili Lumière, iliyoweza kuonyesha picha ukutani watu wengi wakaona pamoja. Picha za siku hizo zilikuwa bubu. Huko Ulaya na Marekani maneno yaliandikwa katikati ya picha, na mtu akapiga kinanda. Wajapani waliongeza jambo lao: kando ya kitambaa alisimama mtu aitwaye benshi. Benshi alieleza kisa, akaigiza sauti ya mzee, ya mke, ya mtoto na ya jambazi, akatia na utani wake. Watu walichagua jumba la sinema kwa jina la benshi, kama sisi tunavyoifuata ngoma kwa jina la manju. Kwa hesabu ya mwaka 1927 walikuwapo mabenshi 6,818, na 180 kati yao walikuwa wanawake.

Naona baadhi ya wazee wameanza kutabasamu, maana wamekwisha kumtambua mtu huyu. Nilipokuwa mtoto, gari la sinema la serikali lilifika kijijini kwetu. Kitambaa cheupe kilifungwa kati ya miembe miwili, jenereta ikanguruma, na bwana mmoja mwenye kipaza sauti akatueleza yote. Filamu ilikuwa ya Kiingereza, juu ya kilimo bora. Bwana yule aliwapa Wazungu wa kwenye picha majina ya kwetu, akawatia maneno ya kwetu kinywani, watu wakacheka mpaka machozi. Kesho yake kisimani na sokoni watu walikuwa wakirudia maneno ya yule bwana, wala sikumsikia mtu akitaja mbolea.

Na ninyi vijana mnamfahamu pia. Katika vibanda umiza mmezisikia filamu za Kihindi, za Kichina na za Kimarekani zikielezwa kwa Kiswahili na mtu mmoja anayesema sauti zote. Ninyi humwita dijei. Mashuhuri kati yao alikuwa Lufufu wa Dar es Salaam. Mtaalamu mmoja wa Ujerumani, Matthias Krings, ameandika juu ya kazi hiyo ya Lufufu na wenzake, na katika kichwa cha makala yake ameifananisha na kugeuza wali kuwa pilau. Basi, benshi wa Tokyo na dijei wa kibanda umiza hawakupata kuonana, lakini haja iliyowazaa ni moja: watazamaji walitaka picha ya mgeni iseme nao kwa lugha ya nyumbani.

Mwaka 1931 ilitoka filamu ya kwanza ya Kijapani yenye sauti kamili, iliyotengenezwa na Heinosuke Gosho. Hapo kazi ya benshi ikaanza kufa. Waligoma, wakashindwa. Mmoja wa viongozi wa mgomo alikuwa Heigo Kurosawa, aliyejiua mwaka 1933. Mdogo wake, Akira Kurosawa, baadaye alikuja kuwa mwongozaji wa filamu maarufu duniani. Katika kitabu cha maisha yake, kilichotoka kwa Kiingereza mwaka 1982, Akira aeleza jinsi kaka huyo alivyomfundisha kupenda sinema na fasihi.

Ninachotaka mkione ni hiki. Mabenshi walitoweka kazini lakini hawakutoweka katika habari. Sauti zao zilitiwa katika santuri. Benshi mmoja, Shunsui Matsuda, alizunguka baada ya vita akikusanya mikanda ya filamu bubu iliyosalia. Magazeti yaliandika ni nani aliyesema vizuri na nani aliyeharibu. Kwa hiyo miaka 70 baadaye mtu aweza kuandika kitabu kizima juu ya mabenshi, kama alivyofanya Jeffrey Dym mwaka 2003. Je, jina la yule bwana wa gari la sinema la kwetu limeandikwa wapi?

WANAFUNZI WANNE

Sasa nawageukia wanafunzi. Tarehe 11 Julai 1919, vijana wanne wa Shule ya Juu ya Ufundi ya Tokyo, waliokuwa wakijifunza ufundi wa viwandani, walitoa gazeti lao la sinema. Walilipa jina Kinema Junpo, maana yake habari za sinema za kila siku kumi, kwa kuwa walikusudia litoke mara tatu kwa mwezi. Toleo la kwanza lilikuwa na kurasa nne tu. Mwanzoni waliandika juu ya filamu za nje peke yake, kwa sababu waliona za kwao hazijafikia kiwango.

Gazeti hilo lilikatizwa na miaka ya vita, likarudi, na zaidi ya miaka 100 baada ya toleo lile la kurasa nne lingali likichapishwa. Tangu mwaka 1924 lilianza kuchagua filamu kumi bora za mwaka, na kuanzia 1926 filamu za Kijapani zikawa na orodha yake. Tazameni thamani ya jambo hilo. Mwaka 1951 filamu ya Kurosawa iitwayo Rashomon ilipata tuzo kuu mjini Venice, na watu wa Ulaya wakasema wamegundua sinema ya Kijapani. Lakini Rashomon ilikuwa imekwisha kupimwa kwao. Katika orodha ya Kinema Junpo ya mwaka 1950 ilikuwa ya tano. Mtu aweza kubishana na mizani hiyo, akasema ilistahili kuwa ya kwanza. La maana ni kwamba mizani ilikuwapo, imeshikwa na wenyeji, na wageni walipofika na sifa zao walikuta watu wenye maoni yao tayari.

MTU WA RELI

Ninyi wa familia za reli, hili ni lenu. Mwandishi mkubwa kupita wengi wa sinema ya Kijapani alikuwa Tadao Sato, aliyezaliwa Niigata mwaka 1930, akafariki mwaka 2022. Huyu hakupitia chuo kikuu. Alifanya kazi katika reli, kisha katika shirika la simu, huku akisoma shule ya jioni. Mshahara ulikuwa mdogo, lakini jumba la sinema lilikuwapo, na kalamu ilikuwapo. Alitazama, akaandika, akapeleka makala zake kwa posta kwenye magazeti ya sinema. Wahariri wakaona kwamba mfanyakazi huyu wa mkoani anaeleza mambo ambayo mabwana wa mjini hawayaoni. Mwishowe akawa mhariri, kisha mwandishi wa vitabu zaidi ya 100. Mwaka 1995 alitoa historia ya sinema ya Kijapani katika majuzuu manne.

Nimesoma kitabu chake kimoja kilichotolewa kwa Kiingereza mwaka 1982, Currents in Japanese Cinema. Kilichonivutia ni kwamba hakuanza na kamera wala na majina makubwa. Aliuliza maswali ya mtazamaji wa kawaida: mashujaa wa kiume katika filamu zetu ni wa namna gani, na kwa nini? Baba anaonyeshwaje? Maskini anaonyeshwaje, na nani anayemcheka? Alikuwa akijiuliza filamu zinawafanya nini watu kama yeye. Maswali hayo hayahitaji cheti. Yahitaji macho na uaminifu.

MGENI NA MWENYEJI

Msidhani nasema kwamba mgeni hana la kutufundisha. Kitabu cha kwanza kikubwa kwa Kiingereza juu ya somo hili kiliandikwa na Wamarekani wawili, Joseph Anderson na Donald Richie, nacho kilichapishwa mwaka 1959 kwa jina The Japanese Film: Art and Industry. Richie alifika Tokyo mwanzoni mwa mwaka 1947 akiwa mpiga taipu katika utawala wa jeshi la Marekani. Lugha hakuijua, lakini aliingia katika majumba ya sinema akakaa gizani na wenyeji, akatazama bila kuelewa maneno. Pengine kwa sababu hiyo alijifunza mapema kuangalia picha imewekwaje. Aliishi Japani karibu maisha yake yote, hadi alipofariki mwaka 2013. Kitabu chake na mwenzake kilifungua mlango kwa wasomaji wa dunia, nami ni mmoja wao.

Nitoe mfano wa jinsi vitabu hivi vinavyomfundisha mtu kutazama. Yuko mwongozaji aitwaye Yasujiro Ozu, aliyezaliwa mwaka 1903 na kufariki mwaka 1963. Filamu yake mashuhuri, Tokyo Story ya mwaka 1953, ina kisa ambacho ningeweza kukisimulia hapa Igalula nikabadilisha majina tu. Wazee wawili wa mji mdogo wapanda treni kwenda mji mkuu kuwatazama watoto wao. Watoto wana kazi nyingi. Hawawatukani wazazi, hawawafukuzi. Hawana nafasi tu. Wanawachangia fedha waende kupumzika mahali pengine. Anayewatunza kwa moyo ni mkwe wao, mjane wa mtoto wao aliyekufa vitani. Wazee wanarudi kwao, na mama anafariki. Basi. Hakuna bunduki, hakuna mbio za magari, lakini sijui mzee aliyeitazama akaweza kusema neno mara baada ya kwisha.

Katika filamu hiyo utaona kwamba kamera iko chini sana. Kwa nini? Richie alieleza kwamba ni kimo cha macho ya mtu aliyeketi kwenye mkeka, kama Wajapani walivyoketi nyumbani. Nilipoisoma habari hiyo nilifurahi, maana sisi nasi tumekua mkekani. Lakini mwaka 1988 akaja David Bordwell na kitabu chake juu ya Ozu, akasema: ngoja kwanza. Alipima, akaonyesha kwamba kamera ya Ozu mara nyingi iko chini hata ya macho ya aliyeketi; tena iko chini hata barabarani na ofisini, ambako hakuna aketiye mkekani. Kwa hiyo, asema Bordwell, huo ni uchaguzi wa msanii katika kuipanga picha, nao hauelezwi na desturi ya kukaa chini peke yake.

Vijana, sitawaambia yupi ana haki. Itafuteni filamu mtazame wenyewe. Nataka mwone tu kwamba sanaa hukua pale watu wanapobishana juu yake kwa hoja, na ubishi wenyewe ukaandikwa, ili anayekuja baadaye aanzie pale mwenzake alipoishia. Sisi hubishana sana juu ya filamu, na hubishana vizuri. Lakini ubishi wetu hufia pale pale kijiweni.

PICHA ZIKIPOTEA

Yapo majonzi katika historia ya Wajapani. Tetemeko la tarehe 1 Septemba 1923 liliteketeza Tokyo na Yokohama, na mikanda ikaungua humo. Vita vikaleta mabomu. Mikanda ya siku hizo ilitengenezwa kwa kitu kinachoshika moto upesi na kuoza upesi, na makampuni hayakuona faida ya kuitunza. Matokeo yake ni kwamba sehemu kubwa sana ya filamu za Kijapani za kabla ya mwaka 1945 haipo tena.

Hata hivyo, mtu akifungua magazeti ya zamani atajua filamu fulani ilionyeshwa lini, ilihusu nini, nani alicheza na watu waliisemaje. Yupo mwongozaji Teinosuke Kinugasa aliyetengeneza mwaka 1926 filamu ya ajabu juu ya hospitali ya wagonjwa wa akili, A Page of Madness. Kwa miaka mingi ilihesabiwa kuwa imepotea. Mwaka 1971 Kinugasa mwenyewe akaikuta ghalani kwake. Dunia ilishangilia kwa sababu ilijua ni kitu gani kilichopatikana. Jina lake lilikuwa limeandikwa na kusomwa miaka yote hiyo. Kitu ambacho hakikuandikwa popote, hata kikipatikana ghalani, mjukuu atakiona takataka atakichoma.

NA SISI?

Sasa nirudi nyumbani. Watu husema sinema ya Tanzania ni jambo la juzi. Si kweli. Kati ya mwaka 1935 na 1937, pale Vugiri katika milima ya Usambara, ulikuwapo mradi wa Waingereza wa kutengeneza filamu za mafundisho kwa Waafrika, kwa fedha za mfuko wa Carnegie wa Marekani. Zilitengenezwa filamu 35, na Waafrika wakicheza humo, nazo zikazungushwa kwa gari vijijini, Tanganyika na nchi jirani, maneno yakitoka katika santuri. Wakuu wa mradi, Notcutt na Latham, waliandika kitabu juu yake mwaka 1937. Humo twapata maoni yao juu ya watazamaji. Maoni ya watazamaji juu yao, yaliyoandikwa na watazamaji wenyewe, hatuna.

Hasara ya jambo hilo ilionekana. Baadaye William Sellers wa kitengo cha filamu za makoloni, kilichoanzishwa mwaka 1939, alieneza fikira kwamba Mwafrika asiyesoma hawezi kufuata picha za harakaharaka, hivyo atengenezewe filamu za polepole na nyepesi. Fikira hiyo ilitawala kwa miaka, na upande wetu haukuwa na gazeti la kurasa nne la kuijibu.

Mwanzoni mwa miaka ya 1950 zilitengenezwa filamu za hadithi kwa Kiswahili, kama Muhogo Mchungu, na nyota wake alikuwa kijana aliyepata elimu yake Tabora: Rashidi Kawawa, ambaye mwaka 1962 akawa Waziri Mkuu wa Tanganyika, akafariki tarehe 31 Desemba 2009. Wangapi kati yenu vijana mlijua kwamba Simba wa Vita alikuwa mcheza sinema? Mwaka 1968 serikali ikaunda Kampuni ya Filamu Tanzania. Mwaka 1985 ikatoka Arusi ya Mariamu, ya Nangayoma Ng'oge na Ron Mulvihill, juu ya mwanamke mgonjwa na mganga wa jadi. Kisha ikaja video, zikaja filamu za Bongo, akaja Steven Kanumba, ambaye alipofariki mwaka 2012 maelfu ya watu walimsindikiza.

Nani ameyaandika haya? Rosaleen Smyth aliandika makala mwaka 1989. James Brennan aliandika mwaka 2005 juu ya sinema na udhibiti wake. Krings nimekwisha kumtaja. Na mwaka 2018 Laura Fair, Mmarekani, alitoa kitabu kikubwa kiitwacho Reel Pleasures. Huyu bibi alizunguka miji ya Tanzania akawauliza wazee: ulitazama nini, ulikaa wapi, ulikwenda na nani, tiketi uliipataje? Akagundua utajiri wa habari ambao hakuna faili ya serikali iliyokuwa nao. Nawaheshimu wote hao, na nawashukuru. Lakini kazi zao ziko kwa Kiingereza, na mzee aliyewapa habari mara nyingi hawezi kuisoma habari yake mwenyewe. Katika rafu niliyoitunza kwa miaka yangu yote ya kazi, historia kubwa ya sinema ya Tanzania iliyoandikwa kwa Kiswahili haikupata kuniingilia mkononi. Tena kazi hizo nyingi zahusu pwani na miji mikubwa. Asiyekuwapo na lake halipo: Goweko haimo, Tura haimo, Igalula haimo.

OMBI LANGU

Ndugu Mwenyekiti, sikuja kulalamika. Nina mambo matatu, na yote yako ndani ya uwezo wetu.

La kwanza ni la wanafunzi. Wakati wa likizo kila mmoja wenu amtafute mzee mmoja, mwanamume au mwanamke, aliyewahi kutazama sinema ya gari au ya jumba. Mpeni shikamoo, kaeni chini, mwulizeni: Ilikuwa mwaka gani, au baada ya tukio gani? Mlionyeshwa nini? Nani aliyeeleza, na kwa Kiswahili au kwa Kinyamwezi? Wanawake waliruhusiwa kwenda? Watu walicheka wapi, na walinyamaza wapi? Andikeni jina la mzee ikiwa ameridhia, tarehe na mahali, kisha mrudi mkamsomee mlichoandika, asahihishe. Fanyeni haraka. Waliokuwa vijana zama za Muhogo Mchungu wamebaki wachache, na kila mwaka twawazika.

La pili ni la wanafunzi pia. Mkitoka kibanda umiza, au mkimaliza filamu kwenye simu, andikeni aya tatu. Ya kwanza: kisa ni nini. Ya pili: kimeonyeshwaje, kamera imekaa wapi, sauti ikoje, dijei ameongeza nini. Ya tatu: imekufaa au haikukufaa, na kwa nini. Kusema "kali sana" au "mbovu" hakutoshi. Mwenzako atataka sababu. Zile zilizo nzuri ziingie katika gazeti la shule la kurasa nne. Wanafunzi wanne wa Tokyo walianza na hizo hizo.

La tatu ni letu sisi wenye mvi. Karatasi na uchapaji wa gazeti hilo kwa mwaka wa kwanza tulipe sisi wanafunzi wa zamani. Nimekwisha kuzungumza na Mweka Hazina, naye amesema hesabu hiyo hailemei Chama. Mimi kwa upande wangu nimeleta vitabu vitano kutoka rafu yangu, vikiwamo cha Sato na cha Anderson na Richie, nami leo namkabidhi Mwalimu Mkuu. Ni vya Kiingereza, na vingine si vyepesi. Nimetia ndani ya kila kimoja karatasi chache za muhtasari kwa Kiswahili, ili kijana wa kidato cha kwanza ajue humo kuna nini kabla ya kukiogopa. Walimu wa lugha nawaomba muhtasari huo uwe mwanzo tu. Wanafunzi wa kidato cha tano wanaweza kufasiri sura moja kwa muhula, na kwa kufasiri watajifunza lugha zote mbili.

Katibu aliniuliza Igalula na Japani wapi na wapi. Wajapani walikuwa na msemaji kando ya picha, nasi tulikuwa naye. Walikuwa na wanafunzi, nasi tunao, wamekaa hapa mbele. Walikuwa na mtu wa reli aliyependa kuandika. Reli tunayo, na sioni sababu ya kumkosa mtu huyo. Walichotuzidi ni daftari. Daftari hugharimu shilingi chache dukani, na duka liko hapo ng'ambo ya reli.